Kadi za Haykanush

Kipupwe kile umeme ulikuwa mgeni wa saa moja tu kwa siku.
Haykanush, mpiga chapa wa kituo cha nyota mlimani Aragats,
alibeba nyumbani sanduku la kadi zilizofutwa:
nakala, makosa, galaksi zilizohesabiwa mara mbili.

Karatasi nzito. Huwaka vizuri.

Alizisoma moja moja kabla ya kuzitia jikoni.
"Galaksi, hafifu, umbo la yai."
"Fungu la nyota, limetawanyika."
"Nebula, ukingo umechanika."
"Doa. Huenda ni vumbi la kioo."
Viazi vitatu vikaiva kwa moto wa mbingu ya kaskazini.

Zarik, mjukuu, akauliza:
"Bibi, zikiungua hapa, kule juu zinazimika?"

Hakujibu. Alimvika koti la marehemu babu yake,
likamburura hadi roshanini.
Yerevan nzima giza, hata taa ya mtaa hakuna,
na juu, lo,
kila alichokwisha kukichoma kilikuwepo,
bila namba.

Kadi moja aliisaza, ile ya doa.
Aliificha katika kitabu cha mapishi,
kurasa za nyama,
ambazo mwaka ule hazikufunguliwa.