Zamu ya Tanuri

Mimi ni mtu wa mikate.
Miaka kumi na tisa Heru Juu wamenijua kwa harufu
kabla jogoo hajasafisha koo.
Maharage nayajua yakiwa sahanini tu.

Lakini Jumanne ile mkutano uliamua
mtaro wa bomba wauchimbe wanawake,
maana wanaume tulianza Mei, na hadi Agosti
tulikuwa na hatua arobaini na visingizio mia.
Nyabenda, mke wangu, alisimama na khanga kiunoni:
"Wenye ndoo ni sisi. Tupeni majembe.
Nyinyi pikeni."

Watu wakacheka.
Kisha wakanigeukia mimi, mwenye tanuri.

Ijumaa usiku nikakaa na koroboi,
debe zima la maharage ya njano,
nikichagua kiganja kwa kiganja,
jiwe huku, punje huku,
hadi kila punje ikaanza kufanana na jiwe
na kila jiwe likaomba kuonewa huruma.
Nikayaloweka. Alfajiri Nyabenda alipita, jembe begani,
hakuniaga, aliniachia amri:
"Chumvi mwisho. Ukiitanguliza, yatagoma."

Tukayachemsha nje, kwa magogo.
Gwasa alikata nyama: mbavu, shingo, mkia,
kilo kumi na nane, na mifupa ambayo mchinjaji
aliapa ni zawadi, huku akiiweka kwenye mizani.
Vitunguu vilitutoa machozi wote sita,
watu tuliozika wazazi kwa macho makavu.
Mawese yakapata moto, yakang'aa
rangi ya barabara ya Kasulu baada ya mvua.
Nikakaanga nyama hadi ikashika weusi pembeni,
nyanya, pilipili mbuzi tatu nzima,
nikagawa kila kitu katika masufuria tisa
na juu yake chumvi ya Uvinza.
Mwisho. Kama nilivyoambiwa.

Ndipo mikono yangu ikafika nyumbani.
Nikakanda ngano, nikaisukuma iwe pana,
kila sufuria nikaivika kifuniko cha mkate,
ukingo nikaubana kwa dole gumba
mvuke usipate hata tundu la sindano.
Mikate ya asubuhi ilishatoka; matofali bado yalikuwa na moto wao.
Nikaingiza zote tisa, mlango nikaukandika udongo.

Saa tano. Saa sita. Saa saba.
Tanuri halifunguliwi ili kuonja.
Mwenye mafiga huchungulia, huongeza maji, hujisamehe.
Mimi nilikalia gunia la unga nikisikiliza matofali.
Ruhwanya akauliza, "Na yakiungua?"
"Tutachimba mtaro mwingine," nikasema,
"wa kujifichia."

Saa tisa wakashuka mlimani,
vumbi hadi kwenye nyusi.
Tulitarajia themanini. Walikuwa mia na kumi na wawili.
Hatua mia tatu na sitini kwa siku moja!
Aliyepima ni Bi Kidyama, kwa kamba ya mbuzi wake,
na hakuna aliyethubutu kurudia hesabu.

Nikavunja udongo.
Harufu ilitoka kwanza, kama mwenye nyumba.
Vifuniko vimeumuka, mawese yamechora ukingo mwekundu.
Nikagonga kimoja kwa mgongo wa upawa,
kikafunguka kwa mlio wa kuni kavu,
na humo ndani maharage yamelainika bila kupasuka,
nyama imeachana na mfupa bila ugomvi.

Upawa mmoja kwa kila mtu, na kipande cha mkate.
Sufuria ya tisa tuliikwangua hadi ikalia.

Nyabenda alikula wima,
kijiko kikimtetemeka kidogo kwa ajili ya jembe.
Wote wakanitazama nikimtazama.
Akatafuna. Akaacha kutafuna.
Akatoa kitu kati ya meno,
akakipangusa kwa pindo la khanga,
akaniwekea kiganjani:
kijiwe cheusi, kidogo kuliko punje ya mtama.

"Watu mia na kumi na wawili," alisema,
"na kimenitafuta mimi."

Kisha akanyoosha sahani.