Upindo

Baraza ya Kiusa, mashine nne zimepangwa mstari,
na ya tano yangu, mbovu, mkanda umeungwa kwa kamba.
Aikande alikuwa na pini mdomoni. Akasema, hata moja haikudondoka:
Kushona tu, hata Pasua wanashona.
Hapa neno lina uso; huo mpe mteja.
Lina bitana; hiyo yetu sisi tulioketi.
Halafu lina upindo,
nao ni wa mtu mmoja. Asipousikia, hauna mwenyewe.

Nilicheka. Nilidhani ni mambo ya pini.

Akaja mama mmoja na shati la kijani.
"Limebakiza kifungo kimoja, fundi."
Mashine zikanyamaza.
"Cha juu au cha chini?"
"Cha chini kabisa."
"Basi si haba. Karanga unampelekea?"
"Kila Jumapili. Haziishi utamu wala uchungu."
"Na mikono? Niiache mirefu kama mwanzo?"
"Kata, fundi. Mirefu ndiyo iliyotuponza."

Jioni nikalikunjua shati. Vifungo sita, vyote vipo.
Mikono haikuguswa.
Kwa hiyo ni mume, nikasema, na ni gereza,
na ni mwaka mmoja. Aikande akaitika kwa nyusi.
Lakini upindo sikuuona, mpaka mama aliporudi,
akaambiwa, "Mfuko ulitoboka, nimeuziba,"
akatia mkono mfukoni, akautoa umefumbwa,
akaondoka bila kuaga.

Mringo, fundi wa suruali, yeye alipinda kwa vina.
Siku mwenye nyumba alipokuja kutupimia maneno ya mtaa,
alikata uzi kwa meno akamghania:

*Kitambaa ulileta, nacho kina doa ndani,*
*sabuni haikufuta, wala maji ya bombani,*
*pasi moto nikapita, likahamia kolani,*
*mwenye doa nikimwita, huitika ni jirani.*

Ni kitambaa tu, alisema, mbona unatoka jasho?
Mwezi mzima hatukudaiwa kodi.

Mwaka wa tatu masikio yangu yakafumuka.
Nikisikia "mlima umejifunika leo,"
natazama ni nani kainamisha uso.
Kanisani nilipekua matangazo.
Mama akinipigia simu kutoka Marangu, ndizi zimeiva,
silali: ndizi zipi? Zimeivia nani?
Hata jina la mji nililigeuza ndani nje,
nikatafuta moto.

Ndipo akaja mtoto, kaptura ya shule imechanika nyuma.
"Dada, nina njaa."
Nikaliweka neno kwenye mwanga. Njaa.
Nikatafuta ukingo, pale mshono unapoanzia.
Labda katumwa. Labda ni kwao, labda ni mama yake,
labda kaptura ndiyo...
Aikande alikwisha inuka.
Makande yake ya mchana, bakuli zima, na kijiko.
Kisha akanipiga kisogoni kwa futi ya mbao:
"Nguo ya mtoto haiwekwi bitana, wewe. Anakua."

Masika yaliyofuata akapanda Mawenzi.
Wodini, namaanisha, ingawa mafundi tulisema hivyo hivyo
na wateja wakashangaa: umri ule, kilele kile?
Nilimpelekea uji. Hakuunywa.
Alinitazama mimi, si dirisha, akasema:
"Funga hilo. Baridi ya mlima hiyo."
Nikafunga. Nikapanga vikombe. Nikaenda zangu,
maana kulikuwa na sare za kwaya za kumaliza.

Sentensi ile nimeifumua, sijui mara ngapi.
Funga: fungo, mfungo, kufungua.
Hilo: lipi?
Mringo anasema ilikuwa baridi, basi;
usiku ule hata yeye alivaa masweta mawili.
Huenda.
Ila alinitazama mimi.

Baraza yetu upande wa kaskazini ina dirisha lisilo na kioo.
Kila jioni, kabla sijafunika mashine,
nakata kipande cha kitenge kilichosalia,
nakipigilia pale misumari minne.
Asubuhi nakikuta chini.