Nyumba Iliyovuka Maji

Mwaka wa sitini na saba serikali ilisema:
kisiwa cha Harlow hakina daktari, hakina umeme, hameni.
Wakahama, na nyumba zao.
Walizifunga mapipa matupu kiunoni,
wakangoja maji yajae,
wakazikokota kwa mashua saba hadi ng'ambo,
upande wa Newfoundland wenye barabara,
na bomba la jiko letu bado likitoa moshi.

Mimi nina kamera ya mkopo, betri mbili,
na gari linalowaka likipenda.
Hakuna aliyenituma.

Shangazi Dorcas anasema hakikuanguka hata kikombe.
"Chai niliimimina Harlow, nikaja kuimalizia huku,
bado ina joto."
Mjomba Ambrose, nduguye wa tumbo moja,
anacheka mpaka kofia inamtoka.
"Chai gani? Hakikupona chombo.
Mama alifagia vigae akilia mpaka tukagusa ufuko."
Kila mmoja huitazama lenzi kama anamtazama hakimu.
Usiku, mezani pa kuhariri,
ninaye shahidi wa kikombe na shahidi wa vigae,
sekunde kumi na nne huyu, kumi na nne yule,
na mkasi haujui undugu.

Nilivuka kwenda Harlow kwa mashua ya kukodi.
Mawe manne ya pembe. Msumari.
Nanaa imejiotea palipokuwa na mlango wa jiko,
nene, haina habari.
Nikaitoa dira: mlango ule ulitazama kusini, baharini.
Nyumba hiyohiyo, niliyozaliwa ndani yake miaka tisa baadaye,
inatazama mlima.
Siku ile maji yalianza kupwa wangali wanahangaika na kamba,
wakaitua ilivyokuja, mgongo mbele,
wakasema wataigeuza kesho.

Kesho hiyo haijafika.
Kila asubuhi shangazi husogea dirishani
kusoma hali ya hewa
kwenye ukuta wa gereji ya akina Pomeroy.
"Upepo utageuka kabla ya adhuhuri," anauambia ukuta.
Nimemrekodi mara sita. Mara tano amepatia.
Nami, mjini, wakiniuliza kwetu ni wapi,
mkono huinuka wenyewe
ukaelekea upande usio.

Siku ya mwisho niliomba dakika mbili za sauti ya chumba,
kiraka cha kufunika mishono ya filamu.
Nikamsihi asiseme, asikoroge kitu.
Friji ikanguruma. Saa ya ukutani ikatembea.
Dakika moja na sekunde arobaini, akashindwa.
"Unarekodi nini?"
"Ukimya, shangazi."
Akasikiliza, kichwa upande,
kama mtu anayeonja mchuzi wa jirani.
"Huu si wetu," akasema.
"Wetu ulikuwa na kondoo ndani yake."

Sijaikata sauti yake.
Kila ninapoitumia kufunika mshono,
inaufumua.