Mtoto wa Jicho

Baba yangu, Yngve Hallqvist, hakupiga picha.
Wengine walipiga. Yeye aliisubiri,
kama mtu anayesubiri chai ipoe
huku kisahani kiko mkononi.

Kisiwani Öland, mwaka wa arobaini na saba,
siku tatu nzima watu thelathini na wawili
walikula viazi baridi na samaki wa chumvi
kwa sababu wingu moja halijafika.
Mwongozaji, Bwana Tage Lindorm, alihesabu kwa sauti
kila krona iliyokuwa ikiteketea.
Baba amekalia sanduku la lenzi,
kipimamwanga kifuani kama hirizi.
"Linakuja," akasema. "Bado linavaa viatu."
Likaja. Sekunde arobaini.
Na yule mwigizaji, pale mlangoni,
akatoka kuwa mke akawa mjane
bila kutikisa hata kope.

Bei ya mkate hakuijua. Siku yangu ya kuzaliwa
aliikumbuka kwa jinsi theluji ilivyokuwa.
Lakini alijua kwamba mvua haionekani kwenye filamu
mpaka uitie maziwa.
Lita sitini alizimwaga uani, studio ya Solna,
vita ikiwa kwa majirani, siagi ikiwa kwa kadi.
Mama hakumsemesha wiki mbili.
Mvua ile ingali inanyesha, nyeupe, nzito,
kila wanapoufungua ule mkebe.
Mama tulimzika Machi, siku ya mwanga mbaya.
Baba mwenyewe ndiye aliyesema hivyo, kaburini,
mwanga mbaya, na watu wakamtazama.

Kwetu Desemba jua huja kama mdai aliyekosa anwani:
huchungulia, huomba radhi, saa tisa alasiri limekwenda.
Hapo ndipo angenishika kidevu,
anigeuze dirishani, taratibu,
kushoto kidogo, chini kidogo.
"Usicheke. Kuwa tu."
Nilidhani ni mapenzi. Baadaye nikadhani ni vipimo.
Sasa nina miaka sitini na mbili, sijui tena
kama kwake yalikuwa mambo mawili.

Kisha rangi ikaingia, na Lindorm
akamchukua kijana mmoja mwenye pikipiki.
Barua ilikuwa na mistari miwili, mmoja wa salamu.
Baba akaenda kupiga matangazo ya majarini.
Ndiyo, hayo aliyapiga, nakiri.
Ila hata majarini aliimulika kutoka nyuma,
ikakaa kwenye sahani kama shahidi anayengoja upanga.
Kampuni ikalalamika:
wateja hawataki kulia wakipaka mkate.

Ile filamu ya Öland ilipata kikombe ng'ambo.
Kikombe alikishika Lindorm.
Gazeti likaandika "Hellqvist".
Baba alilikata hata hivyo, kwa mkasi wa mama,
akaisahihisha herufi kwa penseli,
akalitia katika droo ya soksi.

Mwaka wa sabini na moja daktari alimwambia:
mtoto wa jicho. Kulia na kushoto.
Akacheka mpaka akashika meza.
"Nilikuwa na mmoja tu, sasa ninao watatu."
Nilimsihi akubali kisu. Akasema ngoja.
"Ukungu huu, Gunvor, miaka thelathini
niliukodi kwa mashine. Sasa unakuja bure."

Jumapili humtembelea. Hukaa dirishani,
uso kwa kioo, mikono magotini,
na huniuliza nje kukoje.
Zamani nilijibu: kijivu.
"Kijivu kipi?"
Nikajifunza. Cha jivu la jana. Cha sufuria iliyosuguliwa.
Cha mgongo wa njiwa akiwa amelowa.
Jumapili iliyopita nilisema: kama cha karatasi
iliyofutwa maandishi, upande wa ziwani kinaanza kupasuka.
Akanyoosha kidole, kisha akakirudisha.
"Ngoja," akasema.
Nikangoja. Kahawa ikapoa.
Sikumuuliza tunangoja nini.