Herufi Tatu

Bibi alisema mkwaju wa Chisanze
ulikuwa mzee tayari siku Wajerumani
walipofunga nyumbu wao kwenye shina lake.
Sina ushahidi. Nina neno la bibi
na kovu jembamba linalozunguka gome.

Mwaka wa unga wa yanga alikuja bwana misitu
kwa baiskeli, mfukoni utepe wa fundi cherehani.
Utepe ukaishia nusu ya shina.
Akaandika "mkubwa," akapigilia kibati
kwa misumari minne: USIUKATE.
Akanywa maji, akaenda zake Bahi.

Mti haukugombana na kibati. Uliendelea kunenepa,
gome likakifunika upande wa kushoto
kama kinywa kisicho na meno
kinavyomung'unya ugali wa uwele.
Mbuzi wakajikuna. Miaka.
Mpaka asubuhi moja Nhonya, wa darasa la kwanza,
akasimama mbele yake na kidole:
u, ka, te.
Ukate.

Hapo ndipo Malogo mchoma mkaa alipopata sheria.
Akaja mkutanoni na shoka lililonolewa.
"Kibati cha serikali. Nani atabishana na serikali?"
Watu wakacheka, kisha wakaacha kucheka,
maana mkaa ulikuwa umepanda bei
na mti ule, ukiutazama kwa jicho la njaa,
ni magunia mia mbili yaliyosimama wima.

Mama yangu Sechelela hajui kusoma.
Alisema, "Kwangu mimi kinasema kilekile.
Jana kimesema, leo kimesema."
Akamwita Nhonya amchoree mavumbini
herufi zilizomezwa.
Akazitazama kama anayehesabu ndama.
Akachovya kidole kwenye chokaa,
akaziandika juu ya gome, palepale zilipozama:
U, kisha S iliyogeukia nyuma, kisha I.

Malogo alisimama pale muda mrefu, shoka begani.
Akaokota ukwaju mmoja chini, akaubandua,
akaunyonya, uso ukamkunjamana,
akaondoka bila kutema kokwa.

Mvua ya kwanza ya Desemba iliosha chokaa yote.
Mama akarudi na kopo.

Sasa magoti hayamruhusu. Naenda mimi,
na ingawa nilifika kidato cha nne
S naiandika imegeuka.