Daftari la Magoli Yasiyofungwa

Nauza viatu vya mpira, vya mtumba, pale Mlango Mmoja.
Njumu zilizochakaa miguuni mwa watu nisiowajua
nazipiga kiwi mpaka zisahau kwao.
Kila Jumanne huja Machibya Lugiko,
anachechemea upande wa kulia,
anashika kiatu, anakikunja, anakinusa,
halafu anataja bei ambayo angeitaja mtu mwingine
ningemtukana.

Huyu ndiye aliyenimaliza.
Mimi winga wa Nansio, mguu mwepesi,
jina langu lilivuka ziwa kabla ya meli.
Yeye beki wa Bandari Kusini, mrefu, mkimya,
kaptula imepanda juu ya kitovu.
Nilimpita mara moja. Nikageuka nicheke,
na mpira, sijui vipi, ulikuwa kwake.

Miaka kumi na minne, magazeti yalimtaja mara mbili.
Ya kwanza walikosea jina.
Ya pili alijifunga:
dakika ya themanini na tisa, mvua, mpira unateleza kama sangara,
ukagonga goti lake, ukaingia taratibu,
kama mgeni anayeijua njia.
Usiku ule alitembea kutoka Kirumba mpaka Igogo, jezi mwilini,
na kina mama wa samaki wa kukaanga
wakakataa hela yake.
Huruma ile, anasema, iliuma kuliko goti.

Goti lenyewe lilikatika Shinyanga, mwaka wa ukame.
Hakuna aliyepiga picha.

Watu husema Machibya alikuwa jabali.
Mji huu umejaa majabali, kila nyumba imeegemea lake,
basi ndiyo sifa iliyo karibu na mdomo.
Mimi niliyegongana naye nakataa.
Jabali hukaa. Yeye alikuwa anakuja.
Hujaamua uende wapi, keshafika.

Sasa anafundisha watoto wa Mabatini.
Uwanja wao una mteremko;
kipindi cha pili mpira hukimbilia Mirongo wenyewe,
na anayeufuata mtoni hulipwa andazi.
Hana filimbi, hupiga kofi moja.
“Usiangalie mpira,” huwaambia. “Mpira mwongo.
Angalia kiuno.”
Wote wanataka kufunga.
Elikana, miaka kumi na miwili, hulia akipangwa nyuma.
Kocha hambembelezi. Hukaa naye chini ya mwamba wa goli,
wakala andazi nusu kwa nusu
mpaka machozi yakauke yenyewe.

Wiki iliyopita alisahau daftari mezani kwangu,
daftari la shule, lenye jedwali la kuzidisha mgongoni.
Nikafungua, nikidhani nitakuta madeni yangu.
Tarehe. Uwanja. Dakika. Jina la mshambuliaji.
Na mwishoni mwa kila mstari neno lile lile:
halikuingia.
Kurasa kwa kurasa,
magoli ambayo hayapo mahali pengine popote duniani.
Nami nimo.
Mtesigwa, dakika ya saba. Halikuingia.
Mtesigwa, dakika ya ishirini na mbili, kwa kichwa. Halikuingia.
Mara kumi na moja nimo,
na pembeni ya la mwisho, kwa penseli iliyofifia:
Hili lilikuwa zuri. Samahani.

Nilikaa kwenye kigoda muda mrefu.
Mteja aliuliza bei mara tatu, akaenda zake.

Leo Jumanne amerudi. Anataka namba thelathini na nane,
za Elikana, atalipa mwisho wa mwezi.
Nimempa. Nimempa na daftari, sikusema kitu.
Amelifuta vumbi kwa kiwiko, akalitia kwapani,
akainama kuzikagua njumu, jino kwa jino,
bega moja limegeukia barabarani kidogo
kama vile kuna mtu anakuja mbio upande wa kushoto.