Sekunde Tisa

Walimwita Winchi, babu yangu Kondo Mwinshehe,
kuli wa gati namba tatu,
robota la katani begani kama kanga ya mkewe.
Jumapili, kwenye mchanga wa Ilala,
aliangusha watu: Wandengereko, Wamanyema,
hata baharia mmoja Mgiriki aliyeinuka akilia.
Mgongo wake haukuwahi kuonja vumbi.
Hili liandikwe kwanza.

Kisha wakaja wenye kamera,
na masanduku, na mwavuli mweupe, na bingwa wao
wa kutoka ng'ambo, kifua kimepakwa mafuta king'ae.
"Tunataka mtu mkubwa wa kuanguka."
Shilingi ishirini na jozi ya viatu.
Siku hizo ishirini ilikuwa mabati.

Bingwa hakuwa na nguvu za kiuno, babu alisimulia,
alinishika kama anayebeba mtoto asiye wake.
Ilinibidi niruke mwenyewe
ili aninyanyue.

Nyumba ikaezekwa. Picha ikaja mwakani.

Sekunde tisa. Winchi juu, Winchi chini,
miguu hewani kama kiti kilichopinduliwa,
na ukumbi mzima wa Mwangaza ukasimama ukishangilia.
Kulipokucha, watoto wa Mtaa wa Mchikichi
walishapata beti, tena yenye mizani:

    Winchi wetu bandarini, mbona u chali vumbini?
    Umelipwa kitu gani, ukalale mchangani?

Aliwaambia: ile ni kazi.
Seremala akijilaza jenezani kulipima, amekufa?
Hawakusikia. Picha haibishani na mtu.
Naye akawa anakwenda, usiku baada ya usiku,
viti vya mbele, senti hamsini, shingo imekakamaa;
bibi husema, kana kwamba
siku moja yule wa kwenye kitambaa angekataa kuanguka.

Mwishowe opereta, Saleh Bwamkuu, akamwonea imani.
Watu wametoka, maganda ya karanga sakafuni,
akairudisha rili kinyumenyume.
Vumbi likarudi ardhini. Babu akapaa kutoka chali,
akatua kwa miguu yake miwili, na bingwa
akaenda nyuma, nyuma, mikono mitupu,
hadi nje ya picha.

Saleh akatoa kichwa tunduni, akingoja kicheko.

Babu alikuwa anapapasa gizani akitafuta kiatu,
kimoja cha ile jozi, kilichombana tangu siku ya kwanza.
"Siyo hivyo," akasema.
"Mimi niliinukia goti la kushoto. Nikajifuta.
Halafu nikampa mkono.
Hiyo ndiyo hawakuipiga."